Aliyechelewa Si Khune

Mtaje Itumeleng Khune mbele ya watu wanaojua mpira Johannesburg, iwe Soweto kwenyewe au Yeoville, kwenye vibaraza ambako Wakongo na Watanzania hubishana kwa Kiswahili mpaka maduka yafungwe, na hukumu itakuja kabla hujamaliza kulitamka jina. Alikuwa kipa, watakuambia, tena kipa haswa. Ila alikaa mno. Angetundika daluga mwaka 2015 akiwa bingwa, au basi hata 2018, leo tungekuwa tunamsimulia kwa raha. Kajiharibia mwenyewe.

Hukumu hii husemwa kwa masikitiko, na masikitiko hayo ndiyo yanayoifanya ipite bila kuhojiwa. Nani atamgombeza mtu anayesikitika? Hata wale waliopuliza vuvuzela kwa ajili yake zaidi ya miaka kumi wanaitikia kwa kichwa. Mimi naiona ni hukumu mbovu. Imemkamata asiyehusika na kuwaachia wahusika, na wahusika hao wako Naturena, kwenye makao ya Kaizer Chiefs, wala hawana sababu ya kulalamika iwapo lawama zote zitaishia kwa golikipa.

Tuanze na ushahidi wa wanaomhukumu, maana si kwamba hawana. Desemba 2023 Chiefs walimsimamisha Khune kwa kosa la nidhamu, na baadaye wakamvua unahodha. Kosa ni kosa, sitalipaka rangi. Msimu ule wa 2023/24 klabu ilimaliza nafasi ya 10, jambo ambalo mzee aliyevaa kofia ya makarapa ya njano na nyeusi tangu ujana wake hakuwahi kuliota. Kisha ukaja mchezo wa mwisho wa nyumbani, mwezi Mei, dhidi ya Polokwane City. Khune, aliyebakiza mwezi mmoja atimize miaka 37, alipewa dakika za lala salama ili apate kuwaaga watu. Mtu aliyeingia klabuni akiwa mtoto wa akademi, akaidakia timu ya taifa, Bafana Bafana, mechi 91, kwaheri yake ikawa dakika za kuhesabika katika msimu ambao kila mwenye jezi ya Amakhosi, kama Chiefs wanavyoitwa, aliutaka uishe haraka.

Anayetafuta aibu hapo ataipata. Swali ni aibu ya nani.

Kwanza wapo vijana waliomfahamu Khune kwa video fupi za simu, zile za miaka ya mwisho zinazoonyesha bao lililompita chini ya tumbo. Hao wanahitaji kusimuliwa. Mwaka 2007 Rowen Fernandez aliondoka Chiefs kwenda Arminia Bielefeld ya Ujerumani, lango likabaki halina mwenyewe, akaingia kijana wa miaka 20 kutoka Ventersdorp. Kabla mwaka haujaisha alikuwa ameshawanyima Mamelodi Sundowns kombe la Telkom Knockout kwa mikwaju ya penalti. Juni 20, 2009, siku aliyotimiza miaka 22, alisimama Bloemfontein mbele ya Hispania, mabingwa wa Ulaya, katika Kombe la Mabara, akapangua penalti ya David Villa. Villa alifunga muda mfupi baadaye, ndivyo mpira ulivyo, lakini kuanzia jioni ile dunia ilijua jina.

Hayo ni ya kudaka, na makipa wanaodaka wapo wengi. Kilichomtenga Khune na wenzake kilikuwa mguu.

Kipa wa kawaida akishadaka kona huanguka na mpira kifuani, akapumua, akawapungia wenzake mkono wapande, muda ukapita. Khune alikuwa anakimbia kabla miguu yake haijatulia vizuri chini. Anafika ukingoni mwa eneo lake, anauachia mpira udondoke ubavuni mwake badala ya mbele yake, mwili unalala upande, na mguu unaukata mpira ungali hewani. Mpira haupandi mawinguni ule wa kwenda kugombewa na vichwa. Unakwenda chini chini, umenyooka, unapita juu ya viungo wa timu pinzani ambao ndiyo kwanza wanageuka, na unatua mbele ya straika ambaye ameshaondoka kwa sababu anajua utakuja. Knowledge Musona, yule Mzimbabwe aliyekuwa mfungaji bora wa ligi msimu wa 2010/11 kisha akanunuliwa na Hoffenheim, alijua utakuja. Bernard Parker naye alijua. Mabeki wa timu pinzani nao walijua, na bado haikuwasaidia kitu.

Katika mpira wa Kimarekani yupo mchezaji mmoja, kwotabeki, ambaye kila shambulizi huanzia mikononi mwake: anatazama mbele, anachagua mtu, anarusha, na mwenzake anakimbilia mahali ambapo mpira haujafika bado. Khune alikuwa kwotabeki aliyevaa glavu. Alifanya hivyo kabla makocha wa Ulaya hawajawaaminisha watu kwamba kipa lazima ajue kucheza kwa miguu, na kabla ya hapo sisi huku tulikuwa tunawazomea makipa wanaojaribu. Msimu wa 2012/13 Chiefs walitwaa ligi na Kombe la Nedbank, na ligi ikamchagua Khune mchezaji bora wa msimu. Si kipa bora tu, mchezaji bora. Chagua ligi yoyote barani uone ni mara ngapi heshima hiyo imekwenda kwa mtu anayesimama golini.

Kwa kuwa nimemtaja kwotabeki, niende naye mpaka mwisho, maana wanaomlaumu Khune hupenda mifano ya wakubwa wa nje walioondoka vizuri, na Peyton Manning huwa ndani ya orodha. Alistaafu bingwa, wanasema, ndivyo inavyotakiwa. Nenda sasa katazame alistaafu vipi. Msimu wake wa mwisho, 2015, akiwa na miaka 39, pasi zake 17 ziliishia mikononi mwa wapinzani. Novemba 15, nyumbani Denver, dhidi ya Kansas City (ambao nao ni Chiefs, lakini Chiefs wengine hao), alirusha mara 20, zikafika tano, nne zikanaswa na wapinzani, na kocha Gary Kubiak akamtoa mbele ya mashabiki wake mwenyewe akamwingiza Brock Osweiler. Kama angeishia siku ile, hukumu ya Khune ingekuwa yake neno kwa neno: alikaa mno, kajiharibia. Lakini Januari 3, 2016, palepale nyumbani, mchezo wa San Diego ulipokwenda kombo, Kubiak akamrudisha kutoka benchi, wakashinda. Februari 7 wakawafunga Carolina 24-10 katika Super Bowl ya 50. Manning mwenyewe hakufanya makubwa usiku ule. Ubingwa uliletwa na walinzi, na tuzo ya mchezaji bora wa fainali ikaenda kwa mlinzi, Von Miller.

Basi tofauti ya Manning na Khune ni nini? Umri karibu ule ule. Mwili uliochoka ule ule. Benchi lile lile. Hakuna aliyeona mbali kuliko mwenzake akaondoka kwa wakati. Mmoja alizeekea ndani ya timu iliyojengwa vizuri, ikambeba mpaka mlangoni. Mwingine alizeekea ndani ya timu iliyokuwa ikianguka, ikaanguka naye. Mwisho wa mchezaji, kwa sehemu kubwa, huandikwa na klabu.

Na hapa ndipo watu wanaposhika kalamu ya kumsahihisha Khune na kusahau kuisahihisha Kaizer Chiefs.

Klabu hii ina historia ya kutosha kujaza vitabu. Kaizer Motaung aliianzisha Januari 1970 baada ya kurudi kutoka Marekani, ambako aliichezea Atlanta Chiefs, na jina pamoja na nembo vikavuka bahari naye. Ndiyo klabu iliyowafanya watu wa Soweto wanyanyue vidole viwili kama salamu ya amani na mapenzi. Lakini tangu ubingwa wa 2014/15, Stuart Baxter alipoondoka, hebu hesabu makocha: Steve Komphela, Giovanni Solinas, Ernst Middendorp, Gavin Hunt, Baxter tena, Arthur Zwane, Molefi Ntseki, Cavin Johnson. Kila mmoja na mfumo wake, kila mmoja na kipa wake anayempenda. Mei 2019 wakafungwa fainali ya Kombe la Nedbank na TS Galaxy, timu ya daraja la kwanza. Septemba 2020 wakaipoteza ligi siku ya mwisho, baada ya kuiongoza karibu msimu mzima. Mwaka huohuo FIFA ikawafungia kusajili kwa sababu ya sakata la usajili wa Mmadagaska Dax. Huo ni uamuzi wa ofisini. Hakuna golikipa aliyeusaini.

Wasomaji wa Simba hawajasahau mwaka 2021, na wala sitawaomba wasahau: 4-0 pale uwanja wa FNB, kisha kisasi cha 3-0 kwa Mkapa ambacho hakikutosha. Chiefs wakaendelea mpaka fainali ya Ligi ya Mabingwa wakapigwa 3-0 na Al Ahly kule Casablanca. Ilikuwa safari tamu, nakiri. Ila kocha aliyeianza safari, Hunt, alifukuzwa kabla haijaisha, na ligi ya nyumbani msimu huohuo walimaliza nafasi ya 8. Klabu inayofukuza kocha katikati ya safari ya fainali haiwezi kudai ilikuwa na mpango wa kumwandalia kipa wake mrithi.

Sasa mweke Khune ndani ya miaka hiyo. Mwishoni mwa 2015 kano ya kisigino inakatika. Anarudi. Bega linafuata, linamnyima AFCON ya 2019 kule Misri, na Ronwen Williams anakaa langoni mwa Bafana. Anarudi tena, anakuta Daniel Akpeyi yupo mbele yake, kisha Bruce Bvuma, kisha Brandon Petersen. Na mwaka baada ya mwaka ni klabu yenyewe inayomwekea karatasi mezani asaini. Kama alikuwa amekwisha, kwa nini walimwongezea mkataba? Kama hakuwa amekwisha, kwa nini hawakumchezesha? Jibu ninaloliona mimi si zuri: jina lake lilikuwa bado linauza jezi na kuita watu uwanjani, na katika miaka ambayo klabu haikuwa na kombe la kuonyesha, Khune ndiye aliyekuwa kombe. Walimhitaji kwenye mabango zaidi ya langoni. Mtu anayewekwa kwenye bango halafu akalaumiwa kwa kutoondoka, hapo lawama imegeuzwa juu chini.

Kuna hoja moja ya wapinzani wangu ambayo ni nzito, nisiipite. Wanasema: mchezaji mkubwa hujijua. Hasubiri aambiwe. Mkataba ukiwekwa mezani anaweza kuusukuma pembeni. Kweli, anaweza. Lakini nani anajua siku? Tunasema 2015 ilikuwa kilele kwa sababu tumeshaona yaliyofuata. Kipa wa miaka 28, mchezaji bora wa msimu miaka miwili nyuma, bingwa wa nchi, unamwambia aache kazi? Kwa sababu gani? Kwa sababu miaka minane baadaye wewe uliye kwenye kochi utajisikia vibaya? Mpira ni kazi, na mtu haachi kazi kwa kuwa watazamaji wanapenda hadithi iishe vizuri.

Sisi wa Afrika Mashariki, zaidi ya wengine, tulipaswa kulijua hili. Juma Kaseja aliipeleka Simba mbele ya Zamalek kwa penalti mwaka 2003, pale Cairo, akiwa kijana mdogo. Miaka kumi baadaye kila bao lililoingia lilikuwa la Kaseja. Simba wakaachana naye, Yanga wakamchukua, kisha akazunguka Mbeya City, Kagera Sugar, KMC, na kila alikokwenda alisindikizwa na wimbo ule ule: huyu si alishakwisha? Ngoma ivumayo haidumu, wakasema. Mwaka 2019 Etienne Ndayiragije akamwita Taifa Stars. Agosti 4, pale Kasarani, Kenya wakang'olewa kwa penalti 4-1, Kaseja akiwa langoni. Septemba 8, Dar es Salaam, Burundi wakapiga matuta bila kufunga hata moja, tukavuka kwenda hatua ya makundi ya kufuzu Kombe la Dunia. Kaseja angetii ushauri wa mwaka 2013, tungekosa vyote viwili. Na wale waliomwambia aondoke ndio walioongoza kushangilia, wala sikusikia yeyote akimwomba radhi.

Utasema, Khune hakupata Septemba yake kama Kaseja. Ndiyo, hakuipata. Lakini hakuna anayeingia mkataba wa miaka ya mwisho akijua kama ataipata au la. Essam El-Hadary alisubiri mpaka miaka 45 ndipo akacheza Kombe la Dunia, Urusi 2018, na akaokoa penalti ya Saudi Arabia. Angefuata kanuni ya kuondoka kileleni, angeondoka miaka kumi kabla.

Wengine humshitaki kwa Ulaya: hakwenda, kwa hiyo hakuwa mkubwa kiasi hicho. Hii sitaijibu kwa urefu. Lucas Radebe alikwenda Leeds, akawa Lucas Radebe, heri yake. Khune alibaki, na FNB ikajaa kwa sababu alibaki. Ligi zetu zinalia kila siku kwamba nyota wanaondoka, kisha aliyebaki tunamwambia ulikuwa mwoga.

Pia kuna kadi nyekundu ya Juni 16, 2010, Pretoria, alipomwangusha Luis Suárez. Uruguay wakashinda 3-0 na safari ya Bafana ikaingia matatani. Mpaka leo yupo mtu atakayekuambia kwamba Khune aliwaondoa wenyeji kwenye Kombe la Dunia. Wakati anatolewa, Diego Forlán alikuwa ameshafunga la kwanza tangu kipindi cha kwanza, na wenzake kumi uwanjani walikuwa hawajafunga hata moja. Tabia ya kumtwisha golikipa mzigo wa timu nzima haikuanza Desemba 2023. Ni ya zamani, na kwake ilianza mapema.

Turudi kwa klabu, maana baada ya Khune kuondoka tumepata jaribio ambalo si mara nyingi mbishi hulipata. Kama tatizo lilikuwa yeye, dawa ingeonekana. Chiefs walimleta Nasreddine Nabi, ambaye Wanayanga hawahitaji kuelezwa ni nani: ubingwa wa Tanzania mara mbili mfululizo na fainali ya Kombe la Shirikisho mwaka 2023. Julai 28, 2024, Bloemfontein, katika Kombe la Toyota, Yanga wakamkaribisha kocha wao wa zamani kwa 4-0. Msimu ukaanza, msimu ukaisha, Chiefs nafasi ya 9. Khune akiwa benchi walikuwa wa 10, Khune akiwa nyumbani wakawa wa 9. Nafasi moja. Ndiyo hesabu yote ya "kukaa mno" kwa Itumeleng Khune.

Kweli, Mei 10, 2025, wakawafunga Orlando Pirates 2-1 Durban wakabeba Kombe la Nedbank, kombe lao la kwanza la aina yoyote tangu 2015, na Soweto nusu yake haikulala. Nilifurahi. Lakini kombe moja halifuti nafasi ya 9, na halimgeuzi mtu aliyeondoka mwaka mmoja kabla kuwa ndiye aliyeyazuia makombe katika misimu tisa iliyopita bila hata moja.

Watoto wanaodakia timu za mitaani Soweto leo wanaangusha mpira ubavuni na kuukata ungali hewani, na wengine hawajui waliupata wapi mchezo huo. Huo ndio urithi, na haukuguswa na msimu wa 2023/24 wala na dakika zile za Polokwane City. Unayetaka kuuliza kuhusu miaka tisa ya ukame, usimuulize aliyevaa glavu. Waulize waliokuwa wakisaini: walisaini nini, kwa nini, na kipa wa kesho walimwandaa lini.